BUSTANI NA SHAMBA: Mti Mdogo na Uchachu wa Udongo

Huko Japani iko misonobari yenye umri wa miaka mia mbili au mia tatu, ambayo watu wawili huiinua kwa mikono na kuihamishia kivulini. Si miti ya aina ya pekee iliyoumbwa midogo. Ni miti ile ile ya msituni, ambayo ikiachwa porini hupita urefu wa mnara wa kanisa dogo. Watunzaji wameizuia kwa kuipogoa matawi, kuipunguza mizizi na kuiweka katika chungu kipana kisicho na kina. Wanaiita bonsai, na maana ya neno hilo ni kitu kilichopandwa katika sinia. Ufundi wenyewe ulitoka China zaidi ya miaka elfu iliyopita, Wajapani wakaupokea na kuutengeneza kwa namna yao hata ukajulikana dunia nzima.

Atazamaye picha za miti hiyo hudhani kwamba kazi yote ni ya mkasi na waya. Kumbe mabingwa huangalia kwanza udongo na maji. Tarehe 1 Septemba 1923 tetemeko kubwa la nchi liliuvunja mji wa Tokyo, na moto ukateketeza sehemu kubwa iliyobaki. Watunzaji kadhaa wa bonsai wakaondoka kutafuta mahali papya, na mwaka 1925 wakaanzisha kijiji chao huko Omiya, upande wa kaskazini. Walipachagua kwa ajili ya nafasi, hewa safi, maji mema na udongo uliofaa. Kijiji kipo hata leo, na mwaka 2010 ilifunguliwa huko nyumba ya makumbusho ya bonsai.

Juma hili twataka kueleza sehemu moja tu ya habari hiyo ya udongo, yaani uchachu wake. Jambo hili huua miti mingi ya chungu pasipo mwenyewe kumjua mwuaji. Nalo ni jambo lile lile lililomo katika mashamba yetu ya maharagwe na ya chai, ijapokuwa macho hayalioni.

Tena bonsai si mali ya mtu mmoja wa kizazi kimoja. Huko Washington, katika bustani ya taifa ya miti ya Marekani, upo msonobari ulioanza kutunzwa chunguni mwaka 1625. Tarehe 6 Agosti 1945 msonobari huo ulikuwa Hiroshima, katika bustani ya ukoo wa Yamaki, kilometa 3 hivi kutoka mahali bomu la atomu lilipolipuka. Ukaokoka nyuma ya ukuta. Mwaka 1976 Bwana Masaru Yamaki aliwapa Wamarekani mti huo kuwa zawadi, na habari ya Hiroshima haikujulikana huko mpaka mwaka 2001, wajukuu wake walipokwenda kuutazama. Basi fikiri, ndugu msomaji: mti uliookoka bomu, uliopita mikononi mwa watunzaji kwa karibu miaka mia nne, waweza kudhoofika katika miaka michache kwa sababu ya maji yasiyoufaa, bila moto wala wadudu.

Uchachu wa udongo hupimwa namna gani? Mwaka 1909 mtaalamu wa Denmark, Søren Sørensen, aliyekuwa mkuu wa kemia katika maabara ya Carlsberg, kiwanda cha bia cha Copenhagen, alitoa kipimo ambacho hata leo chaitwa pH. Namba 7 ni katikati, nayo ni hali ya maji safi kabisa. Chini ya 7 ni uchachu. Maji ya limau yana 2 hivi. Juu ya 7 ni upande wa magadi, chokaa na majivu. Wanafunzi waangalie hapa, kwa maana wengi hukosea: kila hatua ya kipimo hiki ni mara kumi. Udongo wenye 5 hauuzidi ule wenye 6 kidogo tu, bali una uchachu mara kumi. Na ule wenye 4 una uchachu mara mia. Ndiyo maana mtu asiseme, «Ni namba moja tu, si kitu.»

Mzizi hauli udongo. Hunywa tu yale yaliyoyeyuka ndani ya maji. Chuma kimo karibu katika kila udongo, hata ule mwekundu wa vilima vyetu umepata rangi yake kwa sababu ya chuma. Lakini penye chokaa au magadi mengi chuma hakiyeyuki tena, nao mti hukikosa huku umekizungukwa, kama mtu mwenye kiu aliyefungiwa nje ya nyumba yenye mtungi. Majani machanga hugeuka manjano, na mishipa yake peke yake hubaki kijani. Ukiona hali hiyo, usikimbilie mbolea. Mti wenye njaa ya kawaida, yaani uliokosa nitrojeni, huanza kugeuka manjano kwenye majani ya zamani yaliyo chini. Mti uliokosa chuma huanza juu, kwenye majani mapya. Tofauti hiyo ni ndogo kwa jicho la haraka, walakini huokoa miti.

Uchachu ukizidi nao una hasara yake. Udongo wa madini ukishuka chini ya 5, alumini iliyomo huanza kuyeyuka, nayo ni sumu kwa ncha za mizizi ya mimea mingi. Mizizi hubaki mifupi na minene, haifiki kwenye maji ya chini.

Basi yafaa kuchagua kipimo gani? Hakuna namba moja iliyo njema kwa miti yote, na mwenye kuitafuta anapoteza wakati wake. Kwanza ujue mti wako ulizaliwa wapi. Azalea ambayo Wajapani huiita satsuki, kwa jina la mwezi wa tano wa kalenda yao ya kale, maana ndipo inapochanua, huota porini kati ya miamba ya kando ya mito. Yapenda uchachu, kati ya 5 na 6 hivi. Yeyote aliyepanda mlima Kahuzi au Ruwenzori ameona ndugu zake: vichaka na miti ya erika yenye majani membamba, inayosimama juu ya udongo mweusi wenye maji, uliojaa kuvu la miti na majani yasiyooza vizuri. Azalea na erika ni wa jamaa moja. Kamelia, ambayo nayo huwekwa chunguni, ni ndugu wa karibu wa chai, na kila mtu aliyefanya kazi katika mashamba ya chai ya Kivu ajua kwamba chai hustawi pale maharagwe yanapokataa. Misonobari mingi hupenda uchachu kidogo bila kuwa na masharti makali. Mzeituni kwa upande wake umezoea nchi za chokaa za kandokando ya bahari ya Mediterania, wala hauhitaji kuchachuliwa.

Kwa azalea zao Wajapani wana udongo mmoja wa ajabu. Miaka 45,000 hivi iliyopita mlima Akagi ulitapika moto, na upepo ukayapeleka mawe yake mepesi upande wa mashariki. Yakaanguka na kufanya tabaka nene mahali ulipo sasa mji wa Kanuma. Watu huyachimba, huyakausha na kuyachekecha, nayo huuzwa kwa jina la mji ule. Punje zake ni nyepesi sana, zina vitundu vingi vya kushika maji na hewa, na zina uchachu unaoifaa azalea. Faida moja zaidi inatupendeza: zikikauka huwa nyeupe-nyeupe, zikilowa huwa za manjano, hata mtoto aweza kujua kama mti una kiu. Kwa miti mingine hutumia akadama, maana yake duara jekundu, nao ni udongo wa asili ya majivu ya volkano uliokaushwa na kuchekechwa vivyo hivyo.

Sasa tufike kwenye kiini cha habari yetu. Mtu hununua au huchanganya udongo mzuri, huupima na kuuona una 5 na nusu, akafurahi. Baada ya mwaka mmoja majani ni ya manjano. Udongo ulikuwa mwema, lakini mwenyewe hakuyapima maji.

Tufanye hesabu. Chukua chungu chenye lita 2 za udongo, kinachopewa nusu lita ya maji kila siku. Katika mwaka mmoja kitapewa lita 182, yaani zaidi ya mara 90 ya udongo wote uliomo. Kama maji yale yana chokaa au magadi yaliyoyeyuka, mti utayanywa maji na kuacha sehemu ya chumvi zile nyuma, siku baada ya siku. Udongo hupigana nayo kwa muda, kisha hushindwa. Mara nyingi alama huonekana nje: ukoko mweupe kwenye ukingo wa chungu na juu ya kuvu. Katika Japani sehemu nyingi zina maji mepesi yasiyo na chokaa nyingi, kwa hiyo watunzaji wa kule hawasumbuliwi sana. Wazungu wa Londoni na wa miji mingine yenye maji mazito ndio walioingia taabuni walipoanza kuiga kazi hii kwa maji ya bomba.

Na sisi je? Wasomaji wetu wa Bukavu, Goma, Uvira, Kalemie na Moba wakae macho. Maji ya ziwa Kivu huonyesha 9 hivi katika kipimo cha pH, kwa sababu ya chumvi zinazoletwa na chemchemi za nchi ya volkano. Mto Ruzizi huyapeleka maji hayo mpaka Tanganyika, nalo lina karibu 9 vilevile. Maua mengi huyavumilia. Lakini mwenye kupanda azalea, kamelia au hortensia ya samawati katika mkebe barazani, akaimwagilia maji yaliyotekwa ziwani, asishangae ikififia mbele ya macho yake.

Wengine husema, «Tutayachemsha.» Katika maji mazito ya chokaa kuchemsha husaidia kidogo, kwa maana sehemu ya chokaa hushuka na kuganda chini ya birika. Lakini sehemu kubwa ya chumvi za ziwa Kivu ni za jamaa ya magadi na magnesi, wala hazishuki vizuri namna hiyo.

Wengine hutia siki au maji ya limau. Ni kweli kwamba siku ile kipimo hushuka. Lakini vidudu vidogo vya udongo, visivyoonekana kwa macho, huila siki ile kama chakula, na ikiisha kuliwa, ile chokaa au magadi yaliyokuwa yamenyamazishwa hurudi palepale. Hii ndiyo sababu mtu aweza kutia siki mwaka mzima na udongo wake usichachuke.

Wako pia wanaomwaga makapi ya kahawa kwenye chungu, wakiamini kwamba kahawa ni chachu. Kinywaji ni kichachu, naam, kwa sababu sehemu kubwa ya uchachu wa mbegu imekwenda na maji kikombeni. Makapi yaliyobaki yako karibu na katikati ya kipimo. Ni mbolea ya kuozesha tu, tena yakirundikwa juu ya chungu huziba hewa.

Dawa iliyo bora haina gharama. Ni maji ya mvua. Mvua safi huwa na 5 na nusu au zaidi kidogo, kwa sababu hewa ya ukaa huyeyuka ndani yake, wala haina chokaa. Pipa moja chini ya bati, lililofunikwa ili mbu wasizaliane, latosha kwa vyungu vingi. Jirani na volkano ya Nyiragongo watu waangalie, maana moshi wake huifanya mvua iwe chachu kupita kiasi. Pia bati zimwagike kwanza dakika chache kabla ya kukinga, ili vumbi na majivu yaende zake.

Kama udongo umekwisha kuharibika, katika chungu kidogo sisi twaona heri kuubadilisha kuliko kuutibu. Hata hivyo bonsai hutolewa chunguni kila mwaka wa pili au wa tatu ili mizizi ipunguzwe, na wakati huo ndio wa kuweka udongo mpya. Kwa bustani na vitalu vilivyo ardhini iko salfa, ile poda ya manjano. Salfa yenyewe si kichachu; vidudu vya udongo huigeuza kuwa tindikali polepole, kwa majuma na miezi, penye joto na unyevu. Wanafunzi wa kemia wataelewa kwamba gramu 32 za salfa zikigeuka zote humaliza gramu 100 za chokaa ya mawe. Ndiyo maana poda hiyo haifai kutupwa kwa kukisia katika lita 2 za udongo: leo huoni kitu, mwezi wa tatu mizizi imeungua. Mbolea ya salfati ya amonia nayo huchachusha udongo kidogo kidogo. Kwa azalea yenye maji ya magadi hilo si baya, mradi iwe kidogo sana. Na ile dawa ya chuma inayouzwa kwa kunyunyizia majani hurudisha rangi ya kijani kwa muda tu, ikiwa maji yanabaki yale yale.

Atakaye kupima atumie karatasi za kupimia zinazobadilika rangi. Changanya udongo na maji ya mvua yenye wingi kidogo kuupita, koroga, acha utulie nusu saa, kisha chovya karatasi katika maji yaliyo juu. Asiye na karatasi aweza angalau kujifunza kanuni. Chemsha maua mekundu ya hibiskusi, yale ya wigo, upate maji ya rangi. Katika kikombe kimoja tia limau, yatakuwa mekundu zaidi. Katika kingine tia maji ya majivu, yatageuka kijani. Walimu wa darasa la sita watafurahi na jambo hili. Kwa udongo halitoshi, maana halionyeshi tofauti ya 5 na 6. Tone la siki juu ya udongo mkavu lasema neno moja zaidi: likitoa povu, chokaa imo.

Na ua la hortensia, ambalo asili yake ni Japani na limepandwa katika bustani nyingi za milimani, hupima lenyewe. Penye uchachu huchanua samawati, kwa sababu alumini iliyoyeyuka hupanda mpaka kwenye ua; penye chokaa huchanua waridi. Yaliyo meupe hayabadiliki.

Labda baba mmoja mwenye shamba atasema kwamba hana nafasi ya kulea miti ya mapambo. Basi achukue kanuni ile ile aipeleke shambani kwa kuigeuza. Vilima vya zamani vya udongo mwekundu huko Walungu na mahali pengi pengine vina uchachu mwingi, kwa kuwa mvua ya miaka elfu nyingi imeiosha chokaa yake. Maharagwe hapo hutoa mizizi mifupi kwa sababu ya ile alumini tuliyoitaja, huku muhogo na chai ukistahimili. Mama hupanda mbegu nzuri, hupalilia kwa wakati, na bado anavuna kikapu nusu, halafu watu humsema kwamba ni mvivu. Shamba lake lataka kinyume cha azalea. Lataka chokaa ya mawe iliyosagwa, kama ile itokayo katika mawe ya Kakontwe karibu na Likasi, na samadi iliyooza, ambayo huikamata alumini isidhuru. Panapokosekana chokaa, majivu ya jikoni hufanya kazi hiyo kwa kiasi. Yawekwe mahali pakavu, kwa maana mvua huyanyang'anya sehemu ya nguvu yake, na yatawanywe konzi moja kwa meta moja ya mraba, yakafukiwe kabla ya kupanda. Yasirundikwe kila siku chini ya mgomba mmoja uliopo karibu na jiko, kama ilivyo desturi katika nyumba nyingi.

Jambo moja la mwisho kwa wale wenye vyote viwili, shamba na maua. Mtoto anayetumwa kutupa majivu aonyeshwe mahali: kwenye maharagwe, ndiyo, kwenye kitalu cha chai au mkebe wa azalea, hapana. Na pipa la mvua liwekwe mbali na njia yake.